Jicho la Kukodi

Theodore Roosevelt alipotoka katika urais wa Marekani hakukaa nyumbani kupumzika kama ilivyo desturi ya wakuu waliokwisha kuitumikia dola, bali alipanda meli, na mwezi wa Aprili mwaka 1909 akashuka Mombasa pamoja na mwanawe Kermit kwa nia ya kuwinda wanyama wakubwa wa bara. Nyuma ya bunduki ilifuata kamera. Mwingereza mmoja, Cherry Kearton, ambaye alikuwa amejipatia sifa kwao kwa kupiga picha za ndege na wanyama walio hai, alikutana na mgeni yule barani akampiga picha za sinema, na filamu yake ilipotolewa mwaka uliofuata, watu wa miji ya mbali waliketi gizani wakamwona kiongozi wao wa zamani katika nyika zetu. Wapagazi walioichukua mizigo ya safari zile mabegani mwao, kama walionekana, walionekana kuwa sehemu ya mandhari, kama miti na vichuguu. Na majina yao hayakuulizwa.

Hivyo ndivyo ilivyoanza kwetu kazi ya kupiga sinema za mambo ya kweli, nayo ikabaki kazi ya wageni kwa muda wa zaidi ya nusu karne. Anayeisoma tarehe ya kazi hii aghalabu hukuta ukisifiwa ujasiri wa wapiga picha, simba walivyowasogelea na homa zilivyowalaza, na sina ugomvi na sifa hizo, maana ujasiri ulikuwapo. Lakini kuna maswali mawili ambayo hayasisimui hadhira na kwa sababu hiyo hayaulizwi sana: kamera ni mali ya nani, na filamu ikisha kupigwa, huenda kwa nani? Mimi naona kwamba mtu akiyashika maswali hayo mawili kwa nguvu, habari yote ya miaka 100 hujipanga yenyewe mbele yake.

Walioyajibu kwa urahisi kuliko wote ni mume na mke kutoka Kansas, Martin na Osa Johnson. Hao walifanya maskani yao kwa miaka kadhaa ya 1920 kando ya ziwa lililomo katika mlima wa Marsabit, wakaliita kwa jina la peponi, na filamu yao Simba ikatoka mwaka 1928. Kisha mwanzoni mwa miaka ya 1930 wakarudi na ndege mbili ziwezazo kutua majini, moja imepakwa milia ya punda milia na ya pili madoa ya twiga. Kamera ilikuwa yao, soko lilikuwa kwao, na wahusika wakuu wa hadithi walikuwa wao wenyewe. Nchi peke yake ndiyo iliyokuwa ya wengine.

Jaribio kubwa la kumpa Mwafrika wa upande huu sinema iliyokusudiwa macho yake lilifanyika Vugiri, katika milima ya Usambara, tangu mwaka 1935 hata 1937, nalo lastahili kuelezwa kwa kirefu, kwa kuwa ndani yake mna wema na kiburi vilivyofungamana hata haviwezi kutenganishwa. Chanzo chake ni Meja L. A. Notcutt, aliyekuwa amesimamia shamba la katani Afrika ya Mashariki miaka ya 1920, akawaza kwamba sinema ya shambani ingewafanya vibarua waridhike na makazi yao wasitoroke. Wazo hilo la mwenye shamba lilikutana baadaye na wazo la wamisheni, waliohofu kwamba migodi ya shaba na miji mipya ilikuwa ikiivunja jamii ya Kiafrika, na kwamba sinema, ikitumiwa kwa busara, ingeweza kumsaidia mtu wa kijijini kuielewa dunia iliyokuwa ikimjia mbio. Fedha zikatoka katika amana ya Carnegie huko New York, na G. C. Latham, aliyekuwa amefanya kazi ya elimu Rhodesia ya Kaskazini, akawa msimamizi wa upande wa mafunzo. Na Notcutt akashika upande wa ufundi.

Katika muda wa miaka miwili tu watu hao walitengeneza filamu 35. Ziko zilizohusu kuweka akiba Posta, kilimo cha chai, ugonjwa wa safura, mafunzo ya utabibu wa mifugo, mashamba ya wakulima wa Kingolwira karibu na Morogoro. Na ziko zilizokuwa hadithi, ambamo mjinga hupata hasara na mwerevu hupata faida, kila mmoja kwa kipimo kilichopangwa na mwandishi. Vijana wa Kiafrika waliajiriwa kuigiza na kusaidia katika kazi. Sauti haikuwamo katika filamu, bali iliwekwa katika sahani za santuri zilizopigwa sambamba na picha, ili filamu moja iweze kusema lugha kadhaa kwa kubadilishwa sahani. Na mtu aliyepata kuisikia santuri ikiruka ufa hana haja ya kuelezwa jinsi maneno na picha vilivyoweza kuachana njiani. Kisha lori lilipakiwa mashine, mtambo wa umeme na pazia jeupe, likazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, na watu wakakusanyika usiku viwanjani kwa maelfu.

Hapana shaka kwamba walifurahi, na hapana shaka kwamba wengine walijifunza. Lakini kamera ya Vugiri ilikuwa mali ya wafadhili, nayo ilijua jibu kabla ya kuona jambo. Mpiga picha hakutumwa kwenda kutazama mashamba yakoje. Alitumwa kwenda kuthibitisha yanavyopaswa kuwa. Na hiyo, kwa rai yangu, ndiyo tofauti iliyopo baina ya filamu ya mafunzo na filamu ya hali halisi, ijapokuwa zote mbili hupigwa mashambani, kwa jua lilelile, na watu walewale.

Mwaka 1939, vita vikuu vilipoanza, serikali ya Uingereza iliunda idara yake ya filamu kwa makoloni, na mkuu wa kazi yake akawa William Sellers, bwana afya aliyekuwa amepiga sinema za usafi Nigeria tangu miaka iliyotangulia. Sellers aliamini kwamba macho ya Mwafrika hayakuzoea lugha ya sinema, na kwa hiyo akaweka sharia: picha iwe ndefu, jambo moja kwa wakati mmoja, kamera isirukeruke kutoka mahali hata mahali bila maelezo, na hila za mafundi zisitumike kabisa. Hadithi iliyosimuliwa sana kuitetea rai hiyo ni ile ya mbu: ati watu wa kijiji kimoja walionyeshwa mbu aliyekuzwa akajaa pazia zima, wakashukuru wakasema kwamba kwao, alhamdulillahi, hakuna mbu wakubwa kiasi kile. Wasimulizi wa hadithi hiyo hawakupata kuwaza kwamba huenda wanakijiji walikuwa wakifanya mzaha. Na katika miaka iyo hiyo watoto wa Unguja, Mombasa na Dar es Salaam walikuwa wakijazana katika majumba ya sinema kutazama filamu za Kihindi na za Wamarekani wapanda farasi, zenye kila hila iliyokatazwa na Sellers, wakatoka wakizisimulia mwanzo hata mwisho na nyimbo zake wakiziimba.

Idara ile ilifungwa mwaka 1955. Kabla ya hapo, mwanzoni mwa miaka ya 1950, Tanganyika ilikuwa imejaribu kitu kingine, yaani filamu za hadithi kwa Kiswahili, kama vile Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi, ambamo mwigizaji mkuu alikuwa kijana wa idara ya ustawi wa jamii aliyekuwa akizunguka na gari la sinema. Jina lake lilikuwa Rashidi Mfaume Kawawa, na mwezi wa Januari mwaka 1962 akawa Waziri Mkuu wa nchi. Sijui kama kuna nchi nyingine iliyopata waziri mkuu kwa njia ya muhogo. Lakini tazama: katika filamu zile Mwafrika alikuwa amefika mbele ya lenzi, akapewa jina na maneno ya kusema, ila nyuma ya lenzi bado alisimama mgeni.

Nyikani nako mambo yalikuwa yaleyale. Mwaka 1959 Mjerumani Bernhard Grzimek alitoa filamu yake juu ya Serengeti, ambayo ilipata tuzo kuu ya Marekani kwa filamu za hali halisi, na ambayo kwa kweli iliifanya mbuga ile ijulikane ulimwenguni. Picha nyingi zilipigwa na mwanawe Michael, rubani na mpiga picha kwa pamoja, aliyefariki tarehe 10 Januari mwaka uo huo ndege yake yenye milia ya punda milia ilipogongana na tumbusi. Na mwenye kushiriki katika upigaji picha alikuwa kijana aliyekulia Kenya, Alan Root, ambaye baadaye alikuja kuwa bingwa wa filamu za wanyama. Kijana anayejifunza kazi hii ana mengi ya kufunzwa na Root, hasa subira, maana mtu huyo aliweza kukaa na kichuguu cha mchwa mpaka mchwa wakamsahau. Lakini soko la filamu zile lilitaka nchi isiyo na watu. Mmasai aliyefuga ng'ombe katika nyika ile ile alikuwa kero kwa mpiga picha, kama waya wa simu unaokatiza mbele ya mlima.

Sasa nafika kwa mtu ambaye kwa ajili yake nimeandika haya yote.

Mohamed Amin alizaliwa Eastleigh, Nairobi, mwaka 1943, katika nyumba ya Wapunjabi, na baba yake alikuwa mfanyakazi wa reli. Angali mtoto wakahamia Dar es Salaam, na huko akapata kamera ndogo ya sanduku, ile Box Brownie ambayo haikuwa na mengi ya kurekebisha, na kwa hiyo ilimfundisha mwenye kuishika kwamba kazi yote ni ya miguu: sogea mbele, rudi nyuma, subiri jua. Alipokuwa mwanafunzi alikuwa tayari akipiga picha za mashindano ya magari ya safari na kuziuza kwa magazeti. Mwaka 1963, hajatimiza bado au ndiyo kwanza ametimiza miaka 20, akafungua shirika lake Dar es Salaam akaliita Camerapix. Hakuwa na mfadhili wa New York, wala idara ya London, wala mwajiri. Kamera ilikuwa yake, deni lilikuwa lake, na kila asubuhi ilikuwa juu yake kuamua mwenyewe aende wapi. Katika habari nzima ya kazi hii kwetu, hilo lilikuwa jambo jipya.

Yafaa hapa nieleze hali ya kazi yenyewe ilivyokuwa katika zama zile, kwa sababu watu wa leo, ambao simu zao hupiga picha za saa nzima bila kuchoka, hawawezi kuikisia. Kamera ya habari ilikuwa ya filamu ya milimita 16. Zile ndogo ziliendeshwa kwa springi, kama saa ya ukutani, na ukisha kuikaza yote ilikwenda kwa muda usiofika nusu dakika, kisha ukaze tena. Gurudumu la filamu lilikuwa na urefu wa futi 100, ambazo kwa mwendo wa picha 24 kwa sekunde hazitimizi dakika tatu. Likiisha, uliifungua kamera kivulini, au ukatia mikono yako ndani ya mfuko mweusi ukabadilisha filamu kwa kupapasa, hali ya kuwa risasi, mvua au gwaride havikungojei. Kwa hiyo mpiga picha stadi alikuwa mtu wa kuhesabu kimoyomoyo: amebakiwa na futi ngapi, na jambo lenyewe limebakiwa na mangapi. Alijizuia asipige kwa papara, maana filamu ilikuwa ghali. Na alijizuia asingoje kupita kiasi, maana lililopita halirudi. Mhariri wa mbali alihitaji picha ya mahali, picha ya watu, picha ya uso, na picha ya kuunganishia, na aliyesahau moja kati ya hizo alikuwa amefanya kazi bure.

Tena picha zenyewe hakuziona. Filamu ilifungwa mbichi, ikaandikiwa karatasi ya maelezo, nani huyu na wapi hapa, ikakimbizwa uwanja wa ndege kupelekwa London, kwa shirika la Visnews na wengine wanunuzi wa habari, na huko ndiko iliposafishwa, ikakatwa, ikatiwa maneno. Mpiga picha wa kujitegemea alilipwa kwa kilichonunuliwa. Kilichoachwa sakafuni mwa chumba cha mhariri hakikumlisha mtu. Basi ndiyo kusema kwamba mtu huyu alikuwa huru katika nusu ya kwanza ya kazi yake na mtumwa katika nusu ya pili: alikwenda alikotaka, akaelekeza lenzi alikopenda, lakini mara filamu ilipokwisha kupanda ndege, maana ya picha zake iliamuliwa na mtu aliyeketi penye baridi, asiyejua harufu ya mahali pale wala lugha yake.

Mtihani haukukawia. Tarehe 12 Januari mwaka 1964 yalitokea mapinduzi ya Unguja, na siku nane baadaye askari wa kambi ya Colito, Dar es Salaam, wakaasi. Na kijana wa miaka 20 mwenye kamera yake alijikuta amesimama mlangoni pa habari zilizotafutwa na dunia nzima. Amin alivuka bahari akaenda Unguja akapiga picha za siku zile, akiwa ardhini, kati ya watu. Juu angani walipita Waitalia wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, pamoja na mpiga picha wao Antonio Climati, wakapiga kwa mbali makaburi ya halaiki na watu wanaokimbilia pwani, na miaka miwili baadaye wakazitia picha hizo katika filamu yao Africa Addio, iliyojaa dharau juu ya Afrika iliyojitawala. Sisemi kwamba picha zile ni za uwongo. Waliokufa walikufa, na kwa watu wengi wa Unguja zilibaki kuwa ushahidi ambao hawakuupata kwingine. Nasema kwamba ushahidi wa kweli waweza kutiwa katika kesi ya uwongo, na kwamba mtu aliyeko angani ana nafuu moja kubwa: hatakutana kesho na aliyempiga picha.

Amin alikutana nao. Aliendelea kwenda Unguja, akapiga picha za mafunzo ya kijeshi chini ya wakufunzi wa kambi ya Kikomunisti, picha ambazo wakubwa wa siku zile hawakutaka zionekane. Na mwaka 1966 akakamatwa, akatiwa gerezani kwa karibu mwezi mzima, akateswa, kisha akafukuzwa nchini. Ndipo aliporudi Nairobi alikozaliwa na kuanza upya.

Huko, adhuhuri ya Jumamosi tarehe 5 Julai mwaka 1969, waziri Tom Mboya alipigwa risasi alipokuwa akitoka katika duka la dawa barabarani, katikati ya mji. Amin alifika upesi akapiga picha za saa ile ya msiba na fadhaa, na kwa kazi hiyo akatunukiwa Uingereza cheo cha mpiga picha bora wa televisheni wa mwaka. Kuna watu huona vibaya mtu kupewa zawadi kwa mauti ya mwingine, nami nakiri kwamba jambo hilo halina utamu. Lakini Kenya ya siku zile ilijaa minong'ono, na kila kabila lilikuwa na tafsiri yake; picha zile angalau ziliwafanya wote waanzie mahali pamoja.

Si kazi zake zote zilizokuwa za damu. Katika miaka ya 1970 alipata idhini ya kwenda Makka kupiga picha za Hija, na kitabu kilichotokana na safari hizo kilitoka mwaka 1978. Alizunguka ziwa Turkana. Alipiga Pakistan na Kenya yenyewe, vitabu juu ya vitabu, vingi vikiandikwa maneno na rafiki yake Brian Tetley. Hapo utaona werevu wa mtu aliyekwisha kuelewa kasoro ya biashara yake. Habari huuzwa mara moja ikaisha; kitabu huuzwa tena na tena, na hakuna mhariri wa London wa kukikata.

Njaa ya Ethiopia ya mwaka 1984 haikuanza mwezi wa Oktoba. Mvua zilikuwa zimekosekana kwa miaka, vita vilikuwa vikiendelea kaskazini, na serikali ya Mengistu Haile Mariam, ambayo mwezi wa Septemba mwaka huo ilisherehekea kwa anasa miaka 10 ya mapinduzi yake, haikupenda wageni waende kuona kilichokuwa kikitokea Wollo na Tigray. Mashirika ya misaada yalikuwa yamekwisha kupiga kelele. Kilichokosekana si habari, bali picha. Na kilichozuia picha ni karatasi ya ruhusa. Amin, aliyekuwa amezoea kwa miaka mingi kukaa katika vyumba vya kungojea vya maofisa wa Addis Ababa, akinywa kahawa yao na kuyajua majina ya watoto wao, aliipata ruhusa ile. Sifa hii ya mpiga picha haionekani katika filamu yoyote, nayo naiweka juu ya ustadi wa lenzi: kuwa mtu ambaye, akibisha hodi, hufunguliwa.

Akaenda Makelle na Korem pamoja na Michael Buerk wa BBC, na fundi wa sauti Zack Njuguna. Alfajiri ya Korem ilikuwa na ukungu na baridi kali ya milimani, na uwanda mzima ulikuwa umefunikwa na watu, wengine wakiwa wameketi, wengine wamelazwa wameviringishwa katika nguo zao, na huwezi kwa mara ya kwanza kutambua yupi amelala na yupi amekufa. Zitazame picha zile kwa jicho la fundi. Kamera haikimbii. Inakwenda polepole juu ya umati, inangoja, inaacha uso mmoja ukae mpaka mtazamaji aone haya kuendelea kuutazama, kisha inangoja tena kidogo. Mpiga picha mwenye haraka angalikusanya vipande mia vya masikitiko. Huyu alikusanya vichache akavipa muda, na muda ndio uliowaua watazamaji.

Zilionyeshwa Uingereza tarehe 23 Oktoba, zikachukuliwa na Marekani, kisha na mamia ya vituo vya televisheni ulimwenguni. Kabla ya mwaka kwisha mwanamuziki Bob Geldof alikuwa amekusanya wanamuziki wa Uingereza wakarekodi wimbo. Mwaka uliofuata Wamarekani wakafanya wao. Na tarehe 13 Julai 1985 tamasha la Live Aid lilifanyika kwa wakati mmoja London na Philadelphia. Mamilioni ya fedha yalitoka, nafaka zikasafirishwa, na roho nyingi zikaokoka, ijapokuwa mamia ya maelfu walikwisha kwenda.

Na katika makelele yote hayo, ulimwengu ulikumbuka nini? Ulikumbuka maneno ya Buerk, ambayo kwa insafu yalikuwa maneno mazuri ya mtu mwenye huzuni ya kweli, ukakumbuka nywele za Geldof, ukakumbuka nyimbo. Jina la aliyeona kwanza lilijulikana kwa watu wa kazi na kwa viongozi waliompa nishani. Tena ikatokea kinyume kingine, kichungu zaidi: picha zilizopigwa na mtoto wa Eastleigh zilifanywa kuwa sura ya Afrika nzima, Afrika ya mikono iliyonyooshwa, na kwa miaka mingi baadaye mzungu aliyesikia jina la bara hili aliona Korem. Wako wasomi wanaomlaumu mpiga picha kwa hilo. Mimi naona lawama hiyo imepotea njia. Picha hazikusema kwamba Waethiopia hawajui kulima. Hazikusema kwamba vita havikuhusika. Ni wauzaji wa huruma walioziondoa siasa zake na tarehe yake, kwa kuwa huruma isiyo na siasa huuzika upesi. Lakini siwezi pia kumtoa kabisa katika shauri hili, maana alilijua soko lile kuliko mtu yeyote, na alilipelekea.

Yeye mwenyewe alitaka kusema zaidi ya dakika chache za taarifa ya habari, akatengeneza kwa jina lake filamu juu ya njaa ile, African Calvary, iliyotoka mwaka 1985. Waliozitazama picha zake katika taarifa za habari ni mamilioni; walioitazama filamu hiyo sidhani kwamba wanafika sehemu ndogo yao.

Mengistu alikimbia Ethiopia mwezi wa Mei mwaka 1991. Siku chache baada ya waasi kuingia Addis Ababa, mwanzoni mwa Juni, ghala la silaha lililipuka usiku, na Amin na wenzake wakaenda kupiga picha za moto ule. Ukatokea mlipuko wa pili. Fundi wa sauti John Mathai alikufa pale pale. Amin alipoteza mkono wa kushoto. Yule Mathai alikuwa Mkenya wa kazi hiyo hiyo, amefungwa kwa waya kwa mwenzake kama walivyofungwa mafundi wa sauti wote wa zama zile, ambao huenda kila aendako mpiga picha, huku macho yao yakiwa kwenye mshale wa mashine yao na si kwenye hatari. Na tarehe ya kazi hii itakapoandikwa sawasawa, hao watapewa sura yao wenyewe. Amin alitiwa mkono wa bandia uendeshwao kwa umeme, na baada ya miezi alikuwa amerudi kazini na kamera yake begani.

Tarehe 23 Novemba mwaka 1996 alipanda ndege ya Shirika la Ethiopia kutoka Addis Ababa kurudi nyumbani Nairobi, pamoja na Tetley. Watu watatu wakaiteka, wakamwamuru rubani awapeleke Australia, wakakataa kuamini kwamba mafuta hayatoshi. Na mafuta yalipokwisha ndege iliangukia baharini karibu na ufuko wa Ngazidja. Katika watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa, na wao wawili miongoni mwao. Walionusurika walisema kwamba Amin alikuwa amesimama akizungumza na watekaji. Ajali ile ilipigwa sinema na watalii waliokuwa ufukweni wamekuja kwa mapumziko yao, na kamera yao ndogo ya nyumbani. Na picha zao zikazunguka dunia nzima siku ile ile.

Mwaka 1992 shirika la Reuters lilikuwa limeichukua Visnews yote, na kwa hivyo filamu zilizopelekwa huko kwa miaka zaidi ya 30 kutoka kila pembe ya Afrika ziliingia katika hazina yake. Za Vugiri zilisalia chache mno katika zile 35, nazo zimehifadhiwa Uingereza. Lakini Amin alikuwa mtu wa kuweka. Picha alizozipiga kwa gharama yake, mamilioni yake, pamoja na maelfu ya saa za sinema, alizihifadhi Nairobi katika nyumba ya Camerapix, ambako mwanawe Salim, aliyeshika kazi baada yake na kutoa mwaka 2006 filamu juu ya baba yake, amekuwa akizisafisha na kuzitia katika mashine za kisasa. Kwa hiyo mwanafunzi atakayetaka kuiona Vugiri ya mwaka 1936 hana budi kuitafuta katika hazina za Uingereza. Atakayetaka kumwona Mboya, Nyerere wa Tanzania na Karume wa Unguja walivyokuwa, na aanzie Nairobi.